Meshes of the Afternoon: funguo, kisu na mkate vinavyotosha kutengeneza ndoto nzima

Mambo vipi wadau, karibuni tena. Leo nawaletea muvi fupi ya Marekani ya mwaka 1943, Meshes of the Afternoon, ya Maya Deren na mumewe Alexander Hammid, wameishuti kwenye nyumba yao huko Los Angeles na Deren mwenyewe ndo mhusika mkuu. Ni kama dakika 14 tu na hamna mtu anaongea.

Dada anarudi nyumbani, funguo inamponyoka inadunda kwenye ngazi, anaingia ndani anakuta kisu kipo kwenye mkate, simu mkonga umetolewa, anakaa kwenye kiti usingizi unampitia, na kuanzia hapo vitu vilevile vinarudi ila haviko pale vilipokuwa. Yaani anafunua shuka kitandani anakutana na kile kisu cha mkate! Anafungua mdomo, funguo iko kwenye ulimi. Nje kuna mtu kajitanda nguo nyeusi, usoni ni kioo kitupu, anatembea taratibu kabisa na dada anamkimbiza hamfikii. Mimi hapo ndo naipendea sana hii kazi, hofu yote inatoka kwenye vyombo vya ndani ambavyo hata kwako vipo.

Sasa sini ya hatua, hii irudieni polepole. Dada anainuka mezani kashika kisu, mguu unakanyaga mchanga wa ufukweni, hatua nyingine majani, nyingine njia ya sementi, halafu zulia la sebuleni. Kila hatua imeshutiwa sehemu yake, lakini mguu ulioinuka huku unashukia kule bila mwendo kukatika, kwahiyo akili yako inakubali kabisa kwamba kavuka chumba tu. Deren aliwahi kufanya kazi na kundi la dansi la Katherine Dunham, na mimi naona jicho la dansi limo humu, anaunganisha picha kwa kufuata mwili unavyokwenda.

Nachopunguza maksi ni mwanaume anapotokea mwishoni, pale mambo yanaeleweka haraka mno ukilinganisha na kule nyuma.

Halafu muziki unaousikia, wa Teiji Ito, uliongezwa mwaka 1959, mwanzo ilikuwa kimya kabisa. Ni mzuri, ila mara ya kwanza zimeni sauti muicheki hivyohivyo.