Siku Moja Kando ya Majabali ya Mwanza: Kiongozi Hodari, Ratiba Inayomwangusha

Nimeishi Nyakato kwa miaka kumi na moja, na muda wote huo nimekuwa nikiliona Jiwe la Bismarck kila nikishuka mjini, lakini sikuwahi kuyatazama majabali ya ziwa letu kutoka upande wa maji mpaka Jumamosi moja ya mwezi uliopita, nilipomchukua mama yangu aliyekuja kutoka Magu pamoja na mwanangu wa miaka sita, tukalipia safari ya siku nzima ya boti inayoongozwa. Nayaandika haya kwa ajili ya wakazi wenzangu wanaodhani kwamba safari za namna hii ni za wageni kutoka nje peke yao, na pia kwa ajili ya watu wanaoiendesha safari hiyo, kwa sababu wana hazina kubwa mikononi mwao ambayo ratiba yao inaipunguzia thamani.

Tulilipa shilingi 90,000 kwa kila mtu mzima na nusu yake kwa mtoto. Ndani ya fedha hizo mlikuwa na boti, kiongozi, chakula cha mchana, maji ya kunywa na kiingilio cha Hifadhi ya Taifa ya Kisiwa cha Saanane. Kwa kipato cha mwalimu kama mimi si fedha ndogo, lakini sikukuta gharama yoyote iliyofichwa njiani, na hilo linastahili kusemwa.

Tuliambiwa tufike kwenye gati la Capri Point saa moja na nusu asubuhi, tukafika saa moja na robo. Boti ilikuwa nzuri, yenye turubai imara na viti vyenye migongo, lakini ilikuwa na jaketi okozi za watu wazima peke yake. Mfanyakazi mmoja wa ofisi alimvalisha mwanangu jaketi la mtu mzima, akalifunga kamba mara mbili kiunoni, akasema litatosha. Hapo ndipo nilipomfahamu kiongozi wetu, kijana mtulivu ambaye alikuwa amekwisha kumsalimu mama yangu kwa heshima, "Mwangaluka mayu," naye akaitikiwa kwa furaha. Alimwita mwanangu, akashika mabega ya lile jaketi kwa mikono miwili na kuyavuta juu taratibu. Jaketi lilipanda lote mpaka masikioni, kidevu cha mtoto kikazama ndani yake. Akatugeukia, akasema, "Majini itakuwa hivi hivi. Jaketi litaelea, mtoto atachomoka chini." Akamwambia nahodha kwamba boti haitang'oa nanga mpaka lipatikane la saizi ya mtoto.

Lilipatikana baada ya saa nzima na ushei, likaletwa kwa bodaboda. Abiria wawili walinung'unika kwa kucheleweshwa. Mimi sikunung'unika hata kidogo, wala mama yangu, ambaye kama watu wengi wa umri wake katika kanda hii hawezi kupanda chombo bila kuikumbuka MV Bukoba, iliyozama tarehe 21 Mei 1996 ikiwa inakaribia Mwanza, ikachukua mamia ya watu. Alizika jirani zake mwaka ule. Ninachokilalamikia ni kwamba ofisi ilijua tangu nilipolipa kuwa ninakuja na mtoto wa miaka sita, kwa kuwa umri wake uliandikwa kwenye risiti, na bado haikuandaa jaketi lake. Kijana yule alifanya wajibu wake na wajibu wa ofisi.

Tuliondoka saa tatu kasoro dakika kumi. Kituo cha kwanza kilikuwa Jiwe la Bismarck lenyewe, karibu na kivuko cha Kamanga, na hapa ndipo safari ilipolipa. Ukiwa barabarani unaliona kama jiwe moja lililosimama juu ya mengine. Ukiwa majini, mita chache kutoka shinani mwake, unaona nyufa zilizonyooka kana kwamba zimepigwa kwa rula, unaona mawe yaliyoegemeana kwa ncha nyembamba kiasi cha kujiuliza ni nini kinachoyazuia yasianguke. Nahodha alizima injini, na kiongozi akatueleza kwa Kiswahili kinachoeleweka hata kwa mtoto. Miamba hii ni ya itale, yaani granaiti, sehemu ya mwamba mkongwe sana unaobeba eneo kubwa la Tanzania, wenye umri wa zaidi ya miaka bilioni mbili na nusu. Ulipoa na kuganda chini sana ardhini, na ulipokuwa ukiinuka, uzito uliokuwa juu yake ulipopungua, ulipasuka kwa mistari ya wima na ya ulalo. Maji yalipenya katika mistari hiyo, yakailainisha miamba kuanzia kwenye kona, kwa sababu kona hushambuliwa kutoka pande nyingi kwa wakati mmoja, na ndiyo maana vitalu vilivyokuwa na pembe vikawa mviringo. Udongo uliokuwa umevifunika ulipochukuliwa na mvua kwa miaka isiyohesabika, mawe yakabaki wazi, jiwe juu ya jiwe, pale pale yalipokuwa.

Mimi nafundisha jiografia, na ninakiri kwa furaha kwamba sikuwahi kulisikia somo la miamba ya Mwanza likielezwa vizuri kiasi hicho. Mama alinyoosha mkono akaligusa jiwe. Lilikuwa na ubaridi wa asubuhi upande wa kivuli na joto upande wa jua, juu limepakwa weupe wa vinyesi vya mnandi, na chini, usawa wa kifua cha mtu aliyekaa kwenye boti, palikuwa na ukanda uliopauka ambao kiongozi alituambia ni kumbukumbu ya mwaka 2020, ziwa lilipojaa kupita kawaida na kuingia katika mialo na nyumba za watu. Mama alisema maji ya mwaka ule yalifika mpaka kwenye bustani ya shangazi yangu, na wakaanza kuzungumza Kisukuma wao wawili, habari ya mashamba yaliyozama, na boti nzima ikawa inawasikiliza.

Kuhusu jina la jiwe, alieleza bila kulifanya hadithi ndefu kwamba lilitokana na Otto von Bismarck, chansela wa Ujerumani, kwa kuwa Wajerumani ndio waliotawala hapa tangu miaka ya 1890. Alieleza pia kwamba Mwingereza John Hanning Speke alipofika Mwanza tarehe 3 Agosti 1858 na kuliita ziwa kwa jina la malkia wake, watu wa hapa walikuwa wakiliita Nyanza tangu zamani, wakivua na kusafiri humo. Alilisema kwa upole, na nilifurahi kwamba mwanangu amelisikia mapema.

Kutoka hapo tulielekea kaskazini, tukapita mbele ya mwalo wa Kirumba. Harufu ya dagaa inakupokea kabla hujaona chochote. Wengi wetu tunaujua mwalo huu kwa kununua, lakini kutoka ziwani unaona jinsi kazi ilivyopangwa: mitumbwi, magunia, mizani, wachukuzi, na malori yanayosubiri kupeleka mzigo mikoani na nje ya nchi. Mitumbwi mingi ilikuwa imevutwa nchi kavu, na nilidhani ni kwa sababu ya siku yenyewe. Kumbe ni mwezi. Dagaa huvuliwa usiku kwa taa, nao hukusanyika kwenye mwanga ikiwa giza ni la kweli. Mwezi unapokuwa mpevu, kama ulivyokuwa wiki ile, ziwa lote linang'aa na taa hazina nguvu tena, kwa hiyo wavuvi hutumia siku hizo kushona nyavu na kuziba mitumbwi. Maelezo hayo yalichukua dakika tano tu, lakini yalinijibu swali la miaka mingi la kwa nini bei ya dagaa sokoni hupanda na kushuka kwa mfuatano unaofanana.

Ufuko wa Bwiru na kuendelea ndio mzuri kuliko yote, na hapa tulikwenda polepole. Majabali yanashuka kutoka vilimani hadi ndani ya maji, nyumba zimejengwa katikati yake, nyingine zimetumia jabali kuwa ukuta wa nyuma. Tulimwona mdiria wa madoa meusi na meupe akisimama angani mahali pamoja, mabawa yakipiga kwa kasi, kisha akajirusha kichwa chini kama jiwe na kuibuka na kidagaa mdomoni. Mwanangu alitaka arudie.

Chakula kilikuwa sato wa kukaanga, ugali wa udaga, kachumbari na ndimu, kwenye ufuko mdogo wenye mchanga. Kilikuwa kizuri, samaki alikuwa wa asubuhi hiyo, na sina la kuongeza. La maana zaidi ni kwamba mtoto alipokimbilia kwenye matete ili achezee maji, kiongozi alimrudisha, akatueleza kwamba konokono wanaobeba kichocho hupenda maji yaliyotulia yenye majani, kwa hiyo asiingie pale. Viongozi wangapi wangenyamaza ili wasiharibu raha ya wageni?

Sasa nifike kwenye kasoro iliyoniumiza. Ratiba inaiweka Saanane mwisho, mchana, baada ya chakula. Kila mtu anayeishi kando ya ziwa hili anajua kwamba asubuhi maji huwa yametulia, na kadiri jua linavyoipasha nchi kavu joto haraka kuliko ziwa, hewa ya nchi kavu hupanda na upepo wa ziwani huingia kujaza nafasi yake, ukizidi nguvu mchana. Tulipogeuza kurudi kusini saa nane na nusu, mawimbi yalikuwa yakitujia kutoka nyuma, kidogo upande wa kulia, na boti ikawa inainuka na kuyumba kwa namna iliyomfanya mama ashike ukingo wa kiti kwa mikono miwili na kufumba macho. Nahodha alikuwa stadi, alipunguza mwendo na kusogea karibu na ufuko, na sikuona hatari ya kweli. Hata hivyo, mwendo ambao asubuhi ungekuwa wa raha uligeuka kuwa wa kuvumilia, na mwanamke wa miaka sitini na tisa aliyekuwa akicheka tangu asubuhi alinyamaza kabisa.

Tulifika Saanane tukiwa tumechelewa na tumechoka, tukapewa dakika hamsini. Kisiwa hicho ndicho hifadhi ndogo kuliko hifadhi zote za taifa nchini, zaidi kidogo ya kilomita za mraba mbili ukijumlisha na maji yake, na mtu angedhani dakika hamsini zinatosha. Hazitoshi. Kimebeba jina la mzee Saanane Chawandi, aliyekuwa akiishi hapo kabla serikali haijakichukua na kukifanya bustani ya wanyama mwaka 1964, na kikapandishwa hadhi kuwa hifadhi ya taifa mwaka 2013. Ukipanda mpaka juu ya majabali yake unauona mji wote ukiwa umekaa juu ya mawe. Hilo naliandika kwa kusimuliwa, kwa sababu sisi tuliishia katikati ya njia. Tuliwaona swala pala wakila majani bila hofu, pimbi watatu wakiota jua kwenye ufa wa mwamba, na mijusi wenye vichwa vyekundu na miili ya buluu wakiinua na kushusha vifua vyao juu ya mawe. Kisha filimbi ikapigwa, tukateremka. Kiongozi alikuwa katikati ya kumweleza mwanangu kwamba pimbi, pamoja na udogo wake, ana undugu wa mbali na tembo. Aliikata sentensi akatazama saa yake, na nilimwonea huruma, maana alikuwa na mengi ya kusema na muda wake ulikuwa umeliwa na uzembe usiokuwa wake.

Nilizungumza na ofisi siku mbili baadaye. Dada aliyenipokea alinisikiliza vizuri, akaomba radhi kuhusu jaketi, akasema ratiba imepangwa hivyo ili wageni waingie Saanane jua likiwa limepungua ukali. Sababu hiyo naielewa, lakini kinachopatikana kwa jua pungufu kinapotea kwa upepo. Kama wangeanza na Saanane, ambayo ni dakika chache tu kutoka gatini, wageni wangeyapanda majabali wakati wa ubaridi, halafu wangeuzunguka ufuko wa kaskazini wakiwa na nafasi ya kurudi kwa gari kutoka Bwiru iwapo maji yamechafuka. Nilimwambia hivyo, naye akaandika.

Atakayekwenda na mtoto aulize jaketi la saizi yake kabla ya kulipa, na alione kwa macho kabla ya siku ya safari. Aende na kofia, aende na shati la mikono mirefu, kwa maana jua linalopiga majini linaunguza mara mbili, na kama ana mzazi mzee amkalishe katikati ya boti, mbali na sehemu ya mbele inayopigwa na mawimbi. Zaidi ya yote aombe apewe kiongozi anayekijua Kisukuma na anayeyajua mawe. Mama amerudi Magu, na alipopiga simu juzi hakuyataja mawimbi. Aliuliza kama yule kijana ataweza kumalizia habari ya pimbi na tembo, maana wajukuu wa kule hawakumwamini.