Vifaa vya Kumchana Mbwa wa Manyoya Mazito: Kipi Ununue Kwanza, Kipi Ukiache Dukani

Mwenye shepadi, spitzi au chauchau hapa Nakuru asiifuate sana miongozo ya Ulaya inayosema mbwa hupukutisha manyoya mara mbili kwa mwaka. Huko urefu wa mchana hubadilika mno kati ya majira, na mwili wa mbwa huufuata. Sisi tuko karibu na ikweta, mchana ni takriban saa 12 Januari hadi Desemba, basi manyoya hutoka mwaka mzima, wiki baada ya wiki. Tafuta kifaa ambacho mkono wako hautachoka kukishika kila Jumamosi.

Namba moja ni reki. Mbwa hawa wana manyoya ya tabaka mbili: ya juu marefu na magumu, ya ndani mafupi na laini. Yanayojaa kwenye zulia ni ya ndani hasa, na brashi ya kawaida haiyafikii. Chagua reki yenye meno ya chuma yanayofika karibu na ngozi lakini yenye ncha butu. Pitisha mkononi mwako, ikikukwaruza, irudishe. Zile ambazo meno yake yanazunguka hazivuti sana, na kama bei inakubali ningechukua hiyo. Gawanya manyoya kwa mkono, chana sehemu ndogo ndogo, usipapase mgongo tu.

Ya pili, kitana cha chuma chenye meno mapana upande mmoja na ya karibu upande wa pili. Hiki ndicho kitakachokuumbua. Unadhani umemaliza, unakipitisha nyuma ya masikio, kwapani na nyuma ya mapaja, kinakwama: kuna fundo. Kwa wanaotembeza mbwa kwenye vichaka vya Menengai, ndicho pia kinachoondoa kishona nguo. Cha plastiki cha nyumbani kitavunjika meno.

Brashi ya sindano, ile ya waya nyembamba zilizopinda, naiweka ya tatu. Kwa spitzi ingepanda hadi ya pili, maana manyoya yake marefu hufungana upesi. Iguse kwa wepesi, waya zile huchubua ngozi.

Ya nne ni kifaa chenye wembe wa meno madogo. Kinatoa manyoya kwa wingi na kinafurahisha macho, lakini ukikizidisha kinakata hata yale ya juu.

Mashine ya kunyolea? Iache. Najua joto la Kisumu linamshawishi mtu amnyoe mbwa hadi ngozi. Manyoya ya juu humkinga na jua, na yakinyolewa huenda yakaota kwa mabaka. Mtoe yale ya ndani yaliyokufa, hewa ipite. Fundo lililogandana na ngozi mpelekee daktari wa mifugo.

Shampuu iwe ya mbwa, na umchane kabla ya kumwogesha, kwa sababu maji hukaza mafundo. Dawa ya kupe ya ng'ombe usimpimie mbwa kwa kifuniko na kukisia. Uliza agroveti au daktari iliyo ya mbwa, na kipimo chake kwa uzito. Bajeti ikibana, chukua reki na kitana, vingine vingoje mwisho wa mwezi.