Kibali cha kukata ukingo wa barabara: nyota tatu kwa sasa

Nilidhani ni kazi ya siku moja. Geti nimeshaweka, gari lipo, tatizo lilikuwa yale mawe ya ukingo wa barabara mbele ya nyumba. Yana kimo cha sentimita 15, na kila nikiyapanda yanakwangua uvungu wa gari. Fundi wangu alikuwa na dawa yake: "Bosi, tumwage zege kidogo hapo mtaroni, utapanda taratibu. Kibali cha nini?"

Bahati nzuri nilimuuliza jirani kabla sijakubali. Kumbe yeye alishamwaga zege la namna hiyo zamani. Mvua ya kwanza tu maji yakakosa njia, yakapanda juu na kuingia kwa watu. Jiji likamwandikia barua: avunje kwa gharama yake na mtaro uwe kama ulivyokuwa.

Basi nikaenda dirishani kwa jiji kuomba kibali cha kukata ukingo, nipate kiingilio cha gari. Hapo ndipo nilipojua kwamba kipande chote cha kati ya ukuta wangu na lami si changu, ni hifadhi ya barabara. Miaka yote nimekifyeka majani nikijua nasafisha kiwanja changu! Kwa hiyo unayemwomba ruhusa ndiye mwenye mali, na masharti yake si machache: mchoro wenye vipimo, picha za eneo, mkandarasi aliyesajiliwa na mwenye bima, pamoja na dhamana ya fedha utakayorudishiwa kazi ikikubaliwa. Fundi wangu hakuwa na usajili wala bima. Tukaachana, naye akanuna.

Mchoro wangu ulirudishwa mara tatu. Mara ya kwanza kwa sababu sikuonyesha mita ya maji na mfuniko wa chemba. Mara ya pili kwa ajili ya upana: nilichora mita 6 ili nigeuze gari kwa raha, wao nyumba ya gari moja wanaipa 3.5. Karani akanieleza kwamba kila mita ninayokata ni mita ambayo mwingine hataweza kuegesha gari barabarani. Hapo sikuwa na la kujibu.

Mara ya tatu ndiyo iliyonifungua macho. Nilikuwa nimechora mteremko mmoja kutoka getini hadi lami, ukikatiza njia ya waenda kwa miguu. Kwenye karatasi ulipendeza. Mhandisi akaniambia nifikirie mtu anayepita hapo kwa kiti cha magurudumu: njia ikilala upande, kiti kinamvutia barabarani, naye inabidi akaze mkono mmoja muda wote ili asiserereke. Ndiyo maana sharti lao ni kwamba njia ya miguu isilale upande zaidi ya sentimita 2 kwa kila mita. Mteremko wa gari ubanwe kwenye kile kipande kilicho kati ya njia ya miguu na ukingo, na pembeni usiachwe wima wa kumkwaza mtu. Nimepita juu ya viingilio vya namna hiyo maisha yangu yote bila kujua kwamba kuna mtu aliyevipigia hesabu.

Sasa lawama. Makosa yote matatu yalikuwemo kwenye mchoro tangu siku ya kwanza. Kwa nini wanitajie moja, nirudi nyumbani nirekebishe, nipange foleni tena, ningoje wiki mbili, ndipo nitajiwe la pili? Mtu mmoja angekaa nusu saa na kuandika yote kwenye karatasi moja, ningeokoa mwezi mzima. Fomu yenyewe unaijaza mtandaoni, kisha unaambiwa uichapishe uilete igongwe muhuri. Na kibali kikishatoka kina siku 90 za kumaliza kazi; hapo wao hawana subira tena.

Mkaguzi ni habari nyingine kabisa. Alifika siku aliyoahidi, kabla zege halijamwagwa, na futi kamba na pimamaji mkononi. Mkandarasi alikuwa ameandaa unene wa sentimita 10, kama wa njia ya kawaida ya miguu. Mkaguzi akakataa: hapa patapita gari, chimba hadi 15, na ushindilie upya. Mkandarasi alilalamika sana, mimi nikafurahi kimoyomoyo, maana ufa ungekuwa wangu, si wake. Kazi ilipokwisha mkaguzi alirudi, akaomba ndoo ya maji, akaimwaga mtaroni upande wa juu na kusimama akiyatazama. Yalipopita yote bila kutuama ndipo akatia saini.

Gari nililiacha nje siku 7, huku nikimwagilia zege asubuhi na jioni kama bustani. Siku ya 8 nikaliingiza, kimya, bila kukwangua kitu.

Nyota mbili ni za mkaguzi, moja ya yule mhandisi wa mteremko. Ya nne nimeishikilia kama wao walivyoishikilia dhamana yangu. Wakiirudisha, nami nitaitoa.