Nimeirudia mara sita: "The Band Concert" ya Mickey Mouse

Mimi napiga tarumbeta kwenye harusi, nyuma ya pikapu, kwa hiyo katuni hii naiangalia kwa jicho la kazi. Ni ya Walt Disney, ya mwaka 1935, dakika kama tisa tu, na ndiyo ya kwanza ya Mickey Mouse kutolewa sinema kwa rangi. Panya anaongoza bendi bustanini, ng'ombe yuko kwenye filimbi, farasi kwenye ngoma, Goofy kwenye klarineti. Anayepita akiuza aiskrimu ni Donald, bata mwenye kiherehere.

Kopi ya kwanza niliinunua kwa muuza DVD mtaani, buku mbili. Hasara tupu! Rangi zimepauka, halafu kuna jamaa anatafsiri mwanzo mwisho. Anatafsiri nini, wakati Mickey hasemi hata neno moja? Kaufunika muziki wote. Baadaye nikapata iliyosafishwa, mbingu na ardhi.

Bendi inapiga utangulizi wa "Guillaume Tell", opera ya Rossini. Donald anachomoa filimbi, anaanza "Turkey in the Straw", wimbo wa kienyeji wa Kimarekani, na bendi nzima inajikuta imemfuata. Hili lishatukuta: mmoja anachepuka, mkija kushtuka wote mko kwenye wimbo wake. Mickey anaivunja filimbi, bata anatoa nyingine, na nyingine. Mara tonge la aiskrimu linamwangukia Mickey shingoni na kuteleza mgongoni, ndani ya koti. Anajinyonganyonga kwa baridi, na wapigaji, kwa kuwa macho yao yako kwake, wanapiga vilevile anavyojinyonga. Koti lenyewe limempwaya. Kila akiinua mkono, mkono wa koti unashuka na kumeza kijiti cha kuongozea bendi, anaupandisha, anaendelea. Hapo ndipo ninapochekea zaidi.

Sehemu ya nyuki imenichosha kidogo. Lakini muziki ukifika kwenye dhoruba, kimbunga cha kweli kinatokea. Wasikilizaji wanatimka, bendi inazungushwa angani, na hakuna anayeacha kupiga. Nota ya mwisho wanaimalizia wakining'inia mtini, msikilizaji aliyebaki ni bata peke yake.

Nilimwonyesha mpiga ngoma wetu. Akatazama mpaka mwisho, kimya, kisha akauliza: "Hao walishalipwa, au bado wanadai?"