Kibanda umiza siku ya watani: picha ya kuazima, maneno ya kununua

Aliyekulia Manzese, Buguruni au Mbagala hahitaji kuelezwa kibanda umiza, yaani kibanda cha mtaani cha kulipia kutazama mpira kwenye runinga, ni nini. Maelezo haya ni ya yule anayetaka kuingia kwa mara ya kwanza, tena siku ya Simba na Yanga, akidhani analipia kutazama mpira. Mpira upo, ila si ndiyo bidhaa. Kinachouzwa pale ni maneno, na mgeni asiyeyajua hukaa dakika 90 akicheka baada ya wenzake.

Kwanza kibanda chenyewe. Mabati juu, mabati au turubai ubavuni, mabenchi ya mbao yasiyo na egemeo, na runinga ya inchi 43 au 55 iliyotundikwa juu ili wa nyuma nao waone. Vingine vina projekta na shuka jeupe. Kiingilio katika mitaa mingi ya Dar es Salaam huwa shilingi 500 kwa mechi ya kawaida, na siku ya watani hupanda hadi 1,000 au zaidi. Kwa nini "umiza"? Wapo wanaosema kinaumiza moyo, wapo wanaosema macho. Ukishakaa kwenye ubao wa upana wa kiganja kwa saa mbili huku goti la mtu likiwa mgongoni mwako, utajua jibu mwenyewe.

Kabla ya kutoa hela, uliza mambo matatu. Ni runinga au projekta? Mechi ya saa 11 jioni huanza jua likiwa bado kali, na kibanda kisichozibwa vizuri upande wa magharibi hufanya shuka lipauke. Mpira utauona vizuri kipindi cha pili. Umeme ukikatika, jenereta lipo na lina mafuta? Hata likiwepo, king'amuzi kikizimika hakirudi papo hapo. Kinajiwasha upya, kinatafuta mawimbi, na dakika hiyo au mbili ndimo penalti inamopigwa. Tena LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla, ikiisha katikati ya mchezo ni aibu ya mwenye kibanda kuliko ya TANESCO, na hutokea. La tatu ni dishi au antena. Mvua kubwa hunyonya mawimbi ya dishi mpaka picha inaganda, ilhali antena huvumilia zaidi. Hela hairudishwi kwa lolote kati ya hayo, kwa hiyo usibishane mlangoni baadaye.

Kuna kero moja isiyo na dawa. Ving'amuzi viwili tofauti havionyeshi tukio kwa sekunde ileile, na redio hutangulia vyote. Kibanda cha jirani kikilipuka kwa shangwe wakati kwenu mshambuliaji ndiyo kwanza anavuka katikati, goli limeshaharibika. Mtu anayeingia na redio sikioni hatakiwi kabisa, na ni haki.

Sasa maneno. Majina ya heshima yanajulikana: Yanga ni Wananchi, ni Wana Jangwani, Simba ni Mnyama, ni Wekundu wa Msimbazi. Hayo ni ya kuandika kwenye fulana. Ya kibandani ni mengine. Shabiki wa Simba hasemi Yanga, anasema Utopolo, au Uto kwa kifupi. Wa Yanga naye anasema Makolo, na mmoja wao ni kolo. "Utopolo" maana yake ni upuuzi, kitu kisicho na thamani. Haji Manara alilivumisha sana akiwa msemaji wa Simba, kisha mwaka 2021 akahamia Yanga. Neno lenyewe halikuhama naye. 

Zingatia sarufi, maana hapo ndipo mgeni anapogundulika. Utopolo una umbo la u-, lakini kibandani unafuata upatanisho wa watu: "Utopolo wamelala", si "umelala". Mnyama naye ni mmoja: "Mnyama kala tatu", "Mnyama kafa kiume". Ile "ka-" badala ya "ame-" si uzembe wa kusema, ndiyo lafudhi ya uwanjani. Ukisema "Simba imefungwa mabao matatu" hujakosea, ila umesikika kama msoma taarifa ya habari.

Yapo majina ya zamani ambayo ukiyajua unapewa nafasi kwenye benchi la wazee. Vyura ni Yanga, kwa sababu bonde la Jangwani, ilipo klabu yao, hujaa maji kila masika. (Bonde hilo ni la mto Msimbazi, kwa hiyo Simba wakicheka sana wanalicheka hata jina lao.) Kandambili pia ni Yanga, na linatoka kwenye ugomvi wa ndani ya klabu katikati ya miaka ya 1970, upande mmoja ukiitwa Kandambili na mwingine Raizoni, ugomvi uliozaa timu ya Pan African. Simba nao wana Mikia, na wana Mbumbumbu, neno ambalo hawakupewa na mtani: mwenyekiti wao wa zamani aliwatamkia wanachama, Yanga wakaliokota na hawajalitua mpaka leo. Kijana wa miaka 18 atakuambia Mbumbumbu bila kujua lilitoka wapi. Mzee atakutajia.

Namba nazo ni maneno. Mkono ni mabao matano, kwa vidole. "Kapigwa mkono" haisemwi kwa manne wala sita, na anayeitumia ovyo hurekebishwa na kibanda kizima. Wengine husema khamsa. Kila upande una mikono yake kwenye kumbukumbu: Yanga wana 5-0 ya mwaka 1968 na 5-1 ya Novemba 2023, Simba wana 5-0 ya Mei 2012, na juu yake wana sita bila za mwaka 1977, ambazo hazijapata mwenzake. Mabishano ya kibandani hufuata mteremko huo karibu kila mara: mmoja anaanza na 2023, anajibiwa 2012, anarudi 1968, halafu mtu kutoka nyuma anasema "sabini na saba" na mjadala unakufa. Usichanganye mkono huu na bao la mkono. Hilo ni la kufunga kwa mkono kweli, yaani la dhuluma, na mwaka 2015 wanasiasa waliliazima kwenye uchaguzi mpaka likapata maana ya pili.

Droo ina majina mawili na hayabadilishani. Suluhu ni bila kufungana. Sare ni ya mabao, 1-1 na kuendelea. Magazeti ya michezo yanaishika kanuni hii, na kibandani wanaishika zaidi kwa sababu ya mikeka. Mkeka ni tiketi ya kubeti. Ukitimia umetiki, timu moja ikiharibu umechanika. Huyo anayelia dakika ya 88 wakati timu yake inaongoza, usimshangae, mkeka wake ulitaka sare.

Wachezaji wana kamusi yao, na hapa ndipo lugha inapopendeza kuliko popote, kwa kuwa karibu kila neno limetoka kwenye kazi za mikono au nyumbani. Mchezaji mpya ni kifaa, na klabu haimsajili bali "inamshusha", kama mzigo bandarini. Akiwa mzuri anakuwa fundi, jembe au mashine. Beki wa kati asiyepitika ni kitasa. Anayeweza kucheza namba nne, sita na nane ni kiraka, na hilo ni sifa, si tusi, ingawa wageni hulisikia vibaya. Akishindwa ni garasa, kutoka kwenye karata, ile isiyo na pointi. Safari ya kutoka kifaa hadi garasa yaweza kuchukua mechi tatu. Mwisho wake ni "thank you": klabu huweka picha ya mchezaji mtandaoni na maneno hayo ya kumuaga, na kibandani limekuwa nomino, "huyu Desemba anapewa thank you". Mpira kupita kati ya miguu ni tobo, ukipitishwa juu ya kichwa ni kanzu, na aliyepigwa vyote viwili kwenye mechi moja heri abadilishwe. Daluga ni viatu. Kuzitundika ni kustaafu. Angalizo: beki tatu ni beki wa kushoto, lakini mtaani ni msichana wa kazi za ndani. Nje ya kibanda, ukisema "tunatafuta beki tatu", utaletewa mtu mwenye begi.

Kisha kuna maneno ya kushindwa, na haya yanahitaji uangalifu. Mbeleko ni upendeleo wa mwamuzi: timu inabebwa mgongoni kama mtoto. "Penalti ya mbeleko" husemwa mara kumi kwa kipindi kimoja na halimaanishi kitu kizito, ni kilio tu. Bahasha ni tofauti. Bahasha ni madai ya rushwa, na aliyetajwa kwa jina akiwa anafahamika pale, mzaha huisha. Kamati ya ufundi, ukiisikia kwa sauti ya chini na tabasamu, si benchi la makocha. Ni wale wa ndumba.

Maneno haya huchacha. Mfano mzuri ni Mwakarobo, jina ambalo Yanga waliwapa Simba kwa kuishia robo fainali za Afrika mara kwa mara, likaundwa kwa mtindo wa majina ya Kinyakyusa. Ubunifu safi. Lakini mwaka 2025 Simba walifika fainali ya Kombe la Shirikisho la Afrika, wakafungwa na RS Berkane, na tangu hapo aliyesema Mwakarobo alikuwa anarudishiwa: Yanga nao walifika fainali hiyohiyo mwaka 2023, wakaipoteza kwa USM Alger. Sasa kila upande una fainali moja ya kombe hilo iliyopotea na hakuna wa kumcheka mwenzie. Neno la msimu uliopita likitumika msimu huu, kibanda hakicheki; kinakuhurumia.

Msikilizaji kutoka Nairobi atazoea upesi, ila aanze na tofauti moja. Gor Mahia na AFC Leopards ni mashemeji, na mechi yao inaitwa hivyo: ni watu waliooana, wanaoneana haya. Simba na Yanga ni watani, na mtani ana ruhusa, kama ilivyo kati ya makabila yenye utani, ya kukutania hata msibani. Neno "mtani" ndilo leseni. Ukilitanguliza, karibu lolote linapita: "Mtani, leo mmelala njaa". Ukilisahau, sentensi ileile ni ugomvi. Kwa mzee tumia "mzee wangu" au "mtani wangu", na Utopolo umwachie wa rika lako. Mama wa mtu, kabila la mtu na maumbile ya mtu hayamo kwenye leseni hiyo, japo siku hizi wapo wanaoyaingiza. Hiyo ndiyo dosari kubwa ya huduma hii, na wenye vibanda wengi hawaikemei mpaka ngumi zirushwe. Dada anayeingia peke yake hupata kiti haraka na maneno asiyoyaomba haraka zaidi. Kibanda kinachosimamiwa na mama au bibi mwenye sauti huwa na nafuu kubwa, kitafuteni.

Tukitoa alama: picha, 4 kati ya 10. Viti, 2. Hewa, tusiseme. Lugha, 9, na moja tumeikata kwa matusi. Baa ina skrini kubwa na kinywaji baridi, lakini watu hukaa meza kwa meza na utani hauvuki. Nyumbani unamsikia mtangazaji vizuri, na ndiyo hasara yenyewe, maana mtangazaji analazimika kusema Yanga na Simba. Kwa Mkapa, yaani uwanjani kwenyewe, kwenye mzunguko (viti vya bei nafuu), utapata nyimbo na tarumbeta, ila mashabiki hukaa kila timu upande wake, hivyo hakuna wa kukujibu. Kibandani mtani wako amekaa bega kwa bega na wewe.

Fika dakika 45 kabla. Usikae mstari wa mbele, shingo itakakamaa, wala wa mwisho kabisa, ambako watu husimama. Wa tatu, karibu na mlango, ndio bora. Mlango ni mmoja, na kipyenga cha mwisho kikilia waliofungwa hutoka wote kwa pamoja bila kuangalia nyuma, huku waliofunga wakiwasindikiza kwa kuhesabu mabao kwa sauti, moja, mbili, tatu, mpaka barabarani.