Guardian Cap kwa watu wa mstari wa mbele: ivae mazoezini, lakini anza na helmeti

Kwa mchezaji wa mstari wa ushambuliaji katika futiboli ya Kimarekani, Guardian Cap ni kifaa cha mazoezini, na kwa kazi hiyo pesa yake haipotei. Anayeinunua akidhani itamkinga na mtikisiko wa ubongo amenunua kitu ambacho hakipo dukani. Anayeinunua ili kupunguza uzito wa magongano madogo yanayojirudia kila siku amenunua kitu sahihi, mradi ajue kuifunga na ajue kilicho chini yake.

Si helmeti. Ni kifuniko laini kinachovikwa juu ya helmeti, sponji iliyogawanywa vipande vipande ndani ya kitambaa kinachovutika. Kinashikwa kwa mikanda yenye vifungo vya kubana inayozungushwa kwenye wavu wa chuma wa uso. Sehemu kubwa ya kifuniko hailali kwa gundi juu ya ganda, kwa hiyo kinaweza kuteleza kidogo, na huko kuteleza ni sehemu ya kazi yake: pigo linalokuja kwa pembeni hupoteza nguvu kidogo kabla halijazungusha kichwa. Mtengenezaji ni Guardian Sports ya jimbo la Georgia, Marekani. Aina zinazotuhusu hapa ni mbili, XT na NXT.

Kifaa hiki kinawahusu zaidi watu wa mstari wa mbele kwa sababu ya kazi yenyewe. Mstari una watu watano: senta anayeurudisha mpira nyuma, magadi wawili pembeni mwake, na wawili wa nje wanaolinda kingo. Mpokeaji wa pasi anaweza kumaliza dakika nzima bila kugongwa, lakini hawa watano wanagongana na mtu karibu kila mpira unapoanza. Katika NFL, ligi kuu ya kulipwa ya Marekani, timu hucheza mashambulizi 60 na kitu kwa mechi, na wanaogongana wana kilo 140 hivi kila mmoja. Wakikaa umbali wa hatua moja, hawapati nafasi ya kukimbia na kuongeza kasi, ndiyo maana magongano yao mengi hayaangushi mtu wala hayamtoi uwanjani. Yanajumlishana tu. Senta ndiye anayeumia kimyakimya zaidi: mkono mmoja uko kwenye mpira, kichwa kiko chini, na mtu wa upande wa pili anafika kabla mkono huo haujarudi kujikinga.

Gharama ya hesabu hiyo ilionekana kwa Mike Webster, senta aliyecheza NFL misimu 17, mingi akiwa na Pittsburgh Steelers, akafa mwaka 2002 akiwa na miaka 50. Daktari Bennet Omalu, mzaliwa wa Nigeria, aliuchunguza ubongo wake na kukuta CTE, ugonjwa unaohusishwa na kichwa kugongwa mara kwa mara kwa miaka. Webster ndiye mchezaji wa kwanza wa NFL kukutwa nao. Aliutumikia mstari wa mbele, na hilo si bahati mbaya ya takwimu.

Ukiifuata safari ya kazi ya mtu wa mstari, utaona kifaa kinaingia wapi. Anaanza sekondari akiwa na miaka 14 au 15, anacheza minne, anakwenda chuo kwa minne au mitano mingine, na wachache mno ndio wanaofika NFL. Katika kila hatua hiyo, mechi ni siku moja kwa wiki. Zilizobaki ni mazoezi. NFL yenyewe imewekewa mipaka na mkataba wa wachezaji: mazoezi ya mavazi kamili ya kugongana hayazidi 14 katika msimu wa kawaida. Kambi ya Julai na Agosti ndiyo yenye msongamano wa magongano, na ndipo Guardian Cap ilipopewa nafasi yake.

Mwaka 2022 NFL iliwalazimisha watu wa mstari wa pande zote mbili, pamoja na tight end (anayezuia na pia kupokea pasi) na linebacker (mlinzi anayesimama nyuma ya mstari wa ulinzi), kuivaa katika mazoezi ya kambi. Mwaka 2023 amri ikawafikia wakimbiaji wa mpira, na muda ukarefushwa uingie msimu wenyewe. Mwaka 2024 ikaongezwa kwa wapokeaji na walinzi wa nyuma, na wachezaji wakaruhusiwa kuivaa hata kwenye mechi wakipenda. Kylen Granson, wakati huo tight end wa Indianapolis Colts, na James Daniels, wakati huo gadi wa Steelers, walikuwa miongoni mwa waliotangulia kuonekana nayo kwenye mechi za msimu. Ili nembo ya timu isipotee, kifuniko chembamba chenye rangi za timu huvikwa juu yake.

Sasa namba. Vipimo vya NFL na chama cha wachezaji vinasema nguvu ya pigo hupungua angalau asilimia 10 mmoja akiivaa, na angalau asilimia 20 wote wawili wanaogongana wakiivaa. Hilo la pili lina maana kubwa kwa timu ya shule: ukimnunulia mtoto wako peke yake, unapata nusu ya faida. Ligi ilitangaza pia kwamba mitikisiko ya ubongo kwa waliolazimishwa kuivaa katika kambi ya 2022 ilishuka kwa takriban nusu ikilinganishwa na wastani wa miaka mitatu iliyotangulia. Naichukua namba hiyo kwa tahadhari. Katika miaka hiyohiyo helmeti ziliboreshwa na makocha walibadilisha mazoezi, kwa hiyo si haki kukipa kifuniko sifa yote. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Stanford walikuta kifaa kinapunguza pigo maabara, lakini walipowafunga wachezaji wachache vihisio vya mdomoni uwanjani wakitumia XT, hawakuona tofauti iliyo wazi. Ninachosema ni kwamba faida ipo, ni ndogo kwa pigo moja, na inapata uzito kwa sababu mtu wa mstari anapigwa mara nyingi mno. Kwa mchezaji ambaye kazi yake ni kuupiga mpira kwa mguu tu isingekuwa na maana yoyote.

Kati ya XT na NXT, chagua kwa mwili wa mchezaji. XT ina uzito wa chini ya gramu 200, inafaa sekondari na watoto, na bei yake iko chini ya dola 100. NXT ina tabaka la ziada la sponji, ni nene, nzito na ghali zaidi, na ilitengenezwa kwa wachezaji wakubwa wa vyuo na NFL. Kijana wa miaka 15 mwenye kilo 80 hahitaji NXT. Shingo yake bado haijakomaa, na uzito ulio juu ya kichwa unaielemea shingo kila anapokimbia. Helmeti tu tayari inakaribia kilo mbili.

Kuifunga si kazi ngumu, ila watu huikosea palepale. Kwanza vaa helmeti bila kifuniko uihakiki: pedi za mashavu ziguse, ukingo wa mbele uwe juu ya nyusi kwa upana wa vidole viwili hivi, mkanda wa kidevu ukazwe pande zote nne, kisha shika wavu wa uso uuzungushe kushoto na kulia. Ngozi ya paji la uso inapaswa kusogea pamoja na helmeti. Helmeti ikizunguka peke yake, usiendelee. Ongeza hewa au badilisha pedi. Ndipo uivue, uweke kifuniko juu yake, na ulinganishe matundu ya masikio kabla ya kufunga chochote. Pitisha mikanda ya mbele kwenye nondo ya juu ya wavu, ubane, halafu ya pembeni, ukivuta sawa kushoto na kulia. Mwisho hakikisha ukingo wa nyuma umeshuka mahali pake na haujajikunja.

Matundu ya masikio ndiyo ninayoyatilia mkazo. Kifuniko kikizunguka kwa sentimita mbili tu, kitambaa kinaziba tundu la upande mmoja. Mtu wa mstari anaishi kwa sauti: kwotabeki, mrushaji wa pasi anayeongoza shambulizi, anatoa hesabu ya kuanza, senta anapiga kelele kubadilisha nani anamzuia nani, na gadi asiyesikia vizuri anachelewa nusu sekunde. Akichelewa, anapigwa akiwa bado anainuka, yaani pigo ambalo kifaa kilikuja kulipunguza linakuwa kubwa zaidi. Kagua matundu hayo kila mapumziko ya maji.

Tatizo la pili ni nondo. Watu wa mstari huvaa wavu wenye nondo nyingi ili vidole vya mpinzani visiingie machoni, na hapo mikanda inagombea nafasi na klipu za wavu, hasa kama mchezaji ameweka na kioo cha macho. Kifungo kikikaa juu ya klipu hakibani sawasawa. Hufunguka kwenye mgongano wa kwanza. Kisogeze kwenye nafasi tupu ya nondo hata kama mkanda utaonekana umepinda. Vifungo vyenyewe hulegea kwa matumizi, na velkro ikijaa nyasi haishiki, kwa hiyo isugue kwa mswaki wa zamani.

Tatizo la tatu ni la hatari zaidi: kifuniko kinaficha ganda. Helmeti iliyopasuka karibu na skrubu haionekani tena, na kijana anaweza kucheza nayo wiki kadhaa. Kivue angalau mara moja kwa wiki, ufute ganda, uangalie nyufa, skrubu zilizolegea na pedi zilizokufa. Wakati huohuo kifue kwa mkono, maji na sabuni laini, ukianike kivulini kikauke chenyewe. Kikiachwa kwenye begi na jasho kinanuka, na kitambaa kinachoka mapema. Kwa joto la Agosti chagua rangi nyepesi.

Kabla ya kununua, uliza mambo mawili: je, shirikisho la michezo la shule katika jimbo lenu linakiruhusu kwenye mechi, na je, mtengenezaji wa helmeti anasemaje kuhusu kuongeza kitu juu ya helmeti iliyothibitishwa kwa kiwango cha NOCSAE, chombo cha Marekani kinachoweka viwango vya usalama wa vifaa vya michezo. Majibu yanatofautiana, na kocha mwenye bidii atakuwa nayo kwa maandishi. Nawalenga hasa wazazi wa Kikenya, Kitanzania na Kikongo walioko Marekani, ambao mtoto wao mwenye umbo kubwa anapofika sekondari, kocha humpeleka moja kwa moja kwenye mstari wa mbele hata kama hajawahi kuuona mchezo huu.

Kama fedha ni ya kitu kimoja tu, nunua helmeti nzuri kwanza. Angalia orodha ya nyota ya Virginia Tech, chuo kikuu kinachopima helmeti na kuzipa nyota, chukua yenye nyota tano inayomkaa kichwani. Kwa watu wazima zipo hata helmeti zilizotengenezwa kwa nafasi hii: VICIS ZERO2 TRENCH, iliyoidhinishwa na NFL mwaka 2021, imeongezewa ulinzi upande wa mbele ambako watu wa mstari hugongwa zaidi. Na mwaka 2024 NFL iliwaruhusu waliovaa baadhi ya helmeti mpya waache Guardian Cap mazoezini, kwa sababu zilipimwa zikatoa kinga sawa au zaidi ya helmeti nyingine zilizofunikwa. Kufunika helmeti mbovu ni kupoteza pesa.

Na kifaa hakifundishi kuzuia. Mchezaji anayejifunza kuanza na paji la uso, akiwa na sponji juu, ataona haliumi sana na atalizoea. Kocha aendelee kudai mikono ndani ya kifua cha mpinzani, nyonga chini, kichwa juu na pembeni, kama vile hakuna kifuniko. Siku kifuniko kinapovuliwa kwa ajili ya mechi, mtindo uleule ndio utakaoingia uwanjani. Mshono ukiachia au sponji ikibaki imebonyea baada ya kuibana kwa kidole, kitupe ununue kingine, usikishone.