Uzoefu wangu: kliniki ya meno ya watu wenye mahitaji maalumu

Nawapa nyota nne kati ya tano. Hiyo moja niliyowanyima nitaieleza.

Mdogo wangu ana mtindio wa ubongo na kifafa. Ni mtu mzima, ndevu zimemjaa, ila anatumia kiti cha magurudumu, haongei, na mikono haimtii kiasi cha kushika mswaki. Kila tulipompeleka kwenye kliniki za kawaida tulipewa jibu moja kati ya mawili: "Huyu hatumuwezi," au "Mshikeni vizuri tung'oe." Hilo la pili ndilo lililomharibu. Ilifika mahali akinusa tu harufu ya dawa mlangoni, mwili mzima unakakamaa.

Hapa walianza kwa simu, kabla hatujafika. Waliniuliza maswali ambayo daktari wa meno hajawahi kuniuliza. Anamezaje? Akinywa maji anapaliwa? Degedege likikaribia, dalili zake ni zipi? Dawa zake ni zipi, na ni vidonge au za maji? (Dawa nyingi za maji huwekwa sukari, na mtu akinyweshwa usiku kisha akalala nazo mdomoni, meno hayaponi.) Halafu wakauliza: akikubali jambo hufanyaje, na akikataa? Nikawaambia akitazama juu ni ndiyo, akifumba macho ni hapana.

Siku ya kwanza daktari alinipita akaenda moja kwa moja kwake, akachuchumaa mbele ya kiti. "Habari yako, kaka. Leo sitoboi wala sing'oi. Nataka kukuangalia meno tu. Unaniruhusu?" Akasubiri. Kimya kikarefuka mpaka nikafungua mdomo nimjibie, dokta akaninyooshea kiganja bila hata kugeuka. Mdogo wangu akatazama juu.

Hawakumbeba kumweka kwenye kiti chao. Wana jukwaa ambalo kiti chake kinapanda na kufungwa, kisha kinainamishwa chote kwa nyuma, kidogo tu. Mtu mwenye shida ya kumeza halazwi chali, kwa sababu maji na mate vinaweza kumteremkia mapafuni. Kioo cha kuangalizia kilikuwa cha plastiki, maana fizi zake zikiguswa taya hujifunga zenyewe kwa nguvu. Wengi huona ni ukaidi, wakati ni mwili tu. Mashine ya kunyonya mate waliiwasha kwanza ikiwa mbali, wakaizima, wakaisogeza, wakaiwasha tena. Polepole hivyo hivyo, na siku hiyo ikaishia kwenye kuangalia tu. Ukiwa mtu wa haraka utaona umepotezewa muda. Mimi nilipoona ametoka chumbani mabega yameshuka, sikuwa na swali.

Fizi zake zilikuwa zimevimba hadi kufunika meno kwa nusu, na kwa miaka yote tuliambiwa ni uchafu. Dokta alipoona jina la fenitoini kwenye orodha ya dawa zake, akaeleza kuwa dawa hiyo ya kifafa huotesha fizi kwa baadhi ya watumiaji, na ugaga (uchafu ulioganda kwenye meno) ukiwepo huzidi. Hakutuambia tuiache. Alisisitiza tusiiguse, akamwandikia barua daktari wake wa kifafa ili washauriane kama ipo nyingine inayomfaa. Sisi kazi yetu ikawa usafi.

Meno mawili ya nyuma yalikuwa yameoza. Badala ya kutoboa, aliyapaka dawa ya maji yenye madini ya fedha na floridi. Haina sindano wala mashine: jino linakaushwa, linapakwa, basi. Inasimamisha uozo usiendelee, na Shirika la Afya Duniani liliiingiza kwenye orodha ya dawa muhimu mwaka 2021. Kasoro yake waliitaja mapema: sehemu iliyooza inageuka nyeusi kama masizi na haitakati, na inahitaji kurudiwa. Kwa meno ya nyuma sijali. Ingekuwa ya mbele ningemuuliza mwenyewe kwanza, maana naye hujitazama kwenye kioo.

Gesi ya kutuliza hakupewa. Hiyo huvutwa kwa pua, na yeye hupumua kwa mdomo. Kwa hiyo jino jingine moja linalotakiwa kung'olewa linasubiri nusu kaputi, na hapo ndipo nyota yangu ya tano ilipobaki. Foleni ya chumba cha upasuaji ni ndefu mno, hakuna anayekupa tarehe, na ukipiga simu unaambiwa "tutawajulisha". Mtu asiyeweza kusema "linauma" ndiye anayesubirishwa kuliko wote! Choo nacho: mlango unapitisha kiti, lakini hakuna pa kumlaza mtu mzima anayevaa nepi. Kwa kliniki iliyojengwa kwa ajili yao hilo ni aibu. Na kuna msaidizi mmoja anayemwita "mtoto mzuri". Nilimwambia huyu ana ndevu kuliko madokta wenu wote, akacheka, ila wiki zilizofuata aliendelea.

Ya nyumbani walitufundisha vizuri. Nasimama nyuma yake, kichwa chake nakiegemeza kifuani kwangu, naanza na upande ambao hauumi. Dawa ya meno ni isiyotoa povu, yenye floridi, kiasi cha punje ya njegere, na mate ya ziada nayafuta kwa kitambaa. Mswaki wa pande tatu wanaupigia debe sana. Ni kweli unasafisha jino pande tatu kwa mpigo mmoja, jambo kubwa kwa mtu anayefungua mdomo kwa sekunde chache, lakini kwa anayeng'ata kama huyu wetu nywele za mswaki zinalala haraka, kwa hiyo nunueni wa akiba.

Kwa mwenye usonji au anayeogopa makelele, ombeni miadi ya kwanza kabisa asubuhi, kabla ukumbi haujajaa. Wanakubali, ila hawatangazi, lazima useme mwenyewe. Mkipata tarehe ya nusu kaputi, waulizeni mapema kuhusu dawa za kifafa za asubuhi hiyo, kwa sababu chakula kinazuiwa kwa muda wa saa sita kabla ya nusu kaputi, na kwenye karatasi yao hawakuandika chochote kuhusu vidonge.